Filimbi Yangu Leo Imemkalisha Mgombea Benchi

Nina miaka sabini na nane. Nimezika wenyeviti wa mtaa wanne, na magoli ya kikapu mawili yameoza mie nikiyaangalia. Bado nadunda!

Leo hapa Bigwa chama chetu kimechagua mgombea wa uenyekiti wa mtaa. Tulikuwa wawili, mie na Shabani, niliyemfundisha basketi mwenyewe.

Akasimama, anawaambia watu, "Mzee huyu apumzike, kachoka."

Nimechoka mie?

Nikapuliza filimbi yangu ya ukocha.

Jamani! Shabani akanijia mbio, mikono nyuma. "Shikamoo kocha."

"Marahaba. Kaa benchi."

Akakaa!!

Watu hoi kwa kicheko. Kura zikapigwa, nikashinda.

Mnaobisha muulizeni mama yake Shabani. Kura yake kanipigia mimi.