Buti Moja ya Baba

Juzi binti yangu alikuwa akifunga mkoba wake wa safari ya kupanda mlima, na harufu ya rangi ya viatu vyake ikanirudisha nyumbani kwetu Kabazi.

Mchana mmoja, nikiwa mtoto, Baba alikuwa amepaka buti zake rangi na kuzianika juani. Alikuwa amepata kazi ya kuwaongoza wageni kwa miguu, siku nne, hadi Ziwa Bogoria. Kitandani alikuwa amepanga blanketi, sufuria ndogo na mfuko wa njugu. Mimi habari za wageni sikuzijua. Nilimsikia tu akimwambia Mama, "Nikitoka hapa kesho, nitapumzika kelele zenu," nao wakacheka. Mimi nilidhani anatuhama.

Nilichukua buti moja nikaitumbukiza kwenye choo cha shimo.

Jioni aliitafuta hadi kwenye zizi la ng'ombe.

"Umeona kiatu changu?" akaniuliza.

"Ni mbwa wa jirani alichukua," nikasema.

Baba alienda na gambuti zake za mpira. Aliporudi alikuwa akichechemea, visigino vimechubuka hadi nyama, kucha mbili za vidole zimeng'oka. Mama alinipa beseni la maji ya chumvi nimwoshe. Nilipiga magoti nikamwagia polepole, huku nikimsikia akivuta pumzi kwa meno. Sikuweza kumtazama usoni.

Akaniwekea mkono kichwani. "Asante sana, msichana wangu. Hapa ni wewe tu unanihurumia."

Ningeweza kumwambia ukweli wakati huo. Badala yake niliendelea kumwagia maji.