Nusu Chupa ya Marashi

Kijijini Vitongoji, kisiwani Pemba, mtu akifa, wa kwanza kuitwa ni shehe, na wa pili ni Kificho. Shehe huitwa kwa ajili ya roho, Kificho kwa ajili ya udongo. Vijana wa kijiji hushika majembe wakachimba, lakini shimo likiwafika kiunoni hutoka wakampisha yeye ateremke achonge mwanandani, ule ubavu wa kaburi anamolazwa maiti akaelekea kibla. Huuchonga taratibu, kama mtu anayemtandikia mgeni, na akimaliza hujilaza humo mwenyewe kidogo apate kupima. Watoto humwogopa kwa hilo. Yeye huwaambia, "Mie najaribisha nguo tu, sinunui."

Siku ambazo hakuna msiba ni mkulima wa mihogo kama jirani zake, ana mikarafuu michache aliyoachiwa na baba yake, na mke, Saada, mama wa mtoto wao Rahma, anayemshinda kwa maneno.

Mtu mmoja tu Kificho hakumchongea, naye ni kaka yake, Jaribu. Jaribu alivuka kwenda Dar es Salaam angali kijana, akabeba magunia bandarini, akaoa Temeke, akapata mtoto mmoja wa kiume, Nassor, kisha akafa. Simu zilikuwa bado hazijaenea. Habari ilipofika Pemba arubaini yake ilikuwa imeshapita. Kificho alichukua jembe akaenda konde, akalima mpaka magharibi mahali ambapo hapakuwa na mbegu ya kutia.

Nassor alikulia huko huko kwa mama yake, akawa fundi wa friji. Alimpenda ami yake kwa simu, kwa maana hawakuwahi kukaa pamoja zaidi ya sikukuu moja. Mwaka huu, baada ya Mfunguo Mosi, mwezi wa Idi, alipiga akasema, "Ami, njoo Dar. Nauli ya boti juu yangu. Mara hii nimekupangia ziara ya siku nzima."

"Ziara?"

"Ziara ya nguvu. Hutaisahau."

Kificho aliinuka kitini, akasimama na simu sikioni. Kisha akasema, "Mungu akulipe, mwanangu."

Kwa Kificho ziara ni moja. Ni kwenda makaburini kuwatolea salamu waliolala, kuwasomea, kuwanyunyizia marashi. Ziara za viongozi huzisikia redioni, na hizo hazimhusu. Alikata simu, akamwambia Saada kwamba mtoto wa Jaribu amekua, anamwita akamzuru baba yake. Saada alikwenda kwa Mwanawema, jirani yake, akaazima ubani na chupa ya marashi ya mawaridi. Asubuhi ya safari alikata kitawi cha mrehani nyuma ya nyumba, akakifunga kwa kitambaa kibichi.

"Usikiweke juani," alisema. "Na umwambie shemeji yangu kwamba hatukumsahau, ni maji tu yalitutenga."

Basi siku ya ziara Kificho aliamka kabla ya adhana, akaoga, akavaa kanzu yake ya Idi na kofia ya kushona kwa mkono, akakaa sebuleni kwa Nassor na kikapu chake mapajani. Nassor alitokea chumbani amevaa suruali fupi, fulana yenye maandishi na miwani ya jua.

"Ami, umependeza. Kama tunakwenda harusini."

Kificho aliyatazama magoti ya mtoto wa kaka yake. Alitaka kusema neno, akalimeza. Kila mji una desturi zake, na yeye alikuwa mgeni wa jana.

Nassor alikuwa ameazima gari la rafiki yake. Walipita majumba ambayo Kificho hakuweza kuyaona mwisho hata alipoinama dirishani, mpaka wakafika Posta, kwenye njia panda ambapo katikati amesimama askari wa shaba, kashika bunduki yenye singe, kaielekeza bandarini.

"Wa kwanza huyu," alisema Nassor. "Kila anayekuja Dar lazima apite kwake."

Hilo Kificho alilielewa, au alidhani amelielewa. Hata kwao mgeni huanza kwa kutoa salamu kwa mkubwa aliyelala pale mjini, kisha ndipo aende kwa watu wake. Lakini mkubwa mwenye bunduki? Na sanamu juu ya kaburi? Alivua makubazi yake kando ya barabara, akainamisha macho asilielekee lile sanamu, akainua mikono, akasoma Fatiha. Kijana mmoja aliyekuwa akiuza maji alisimama kutazama. Nassor naye alitoa simu akapiga picha, akaona ami yake ameguswa na historia ya nchi.

Kificho alijipangusa uso. "Kalala hapa toka lini?"

"Nani?"

"Mwenyewe huyu."

"Hajalala, Ami, ndo kasimama hivyo. Ni kumbukumbu ya askari waliokufa kwenye vita vya Wazungu."

"Na wao wako wapi?"

"Wengi hawajulikani walipo."

"Kwa hivyo hapa chini hamna ntu."

"Hamna."

"Na mie nishawasomea."

"Itawafikia tu," alisema Nassor akicheka, akamshika mkono kumrudisha garini.

Kanisa la zamani la vigae vyekundu, mbele ya bandari, Kificho alilitazama dirishani. Hilo alijua halina wa kwake. Bandari yenyewe aliiangalia zaidi, akajaribu kumwona Jaribu na gunia mabegani, lakini aliona makontena tu, na makontena hayana mabega.

Kisha Nassor akasema, "Sasa nakupeleka Makumbusho," na moyo wa Kificho ukatulia. Neno lilikuwa zuri. Mahali pa kukumbukia watu. Alifungua kikapu akakigusa kitawi cha mrehani. Kitambaa kilikuwa kimeanza kukauka.

Ndani hapakuwa na udongo. Palikuwa na sakafu inayong'aa, mitumbwi isiyo na maji, ngoma zisizo na wapigaji, magari ya watu waliokwishakufa yamesafishwa kama watarudi jioni. Wakafika kwenye kioo kimoja, na nyuma ya kioo lilikuwamo fuvu.

Kificho alirudi nyuma hatua. "Huyu nani?"

"Huyu ndiye mashuhuri kuliko wote. Babu wa kale kabisa, aliyefukuliwa Olduvai. Watu wanatoka Ulaya kuja kumwona."

"Kafukuliwa?"

"Ndiyo."

"Kisha hawajanrudisha?"

Nassor alisogea kusoma kibandiko cha maelezo. Mhudumu aliyekuwa karibu, mama mmoja mwenye ushungi wa buluu, alitabasamu. "Tunamtunza, Mzee."

"Naona, mama. Kioo kizuri." Kificho alizunguka, akatafuta kibla kwa kufuata jua dirishani, akaona fuvu limeelekea mlango wa choo. Hakujua kama limpasalo mtu wa kale vile ni lile lile limpasalo mtu wa leo. "Waambie wakubwa wako, wakija wakataka kunzika, kuchonga mwanandani ndo kazi yangu. Nipo hapa mpaka Jumapili."

"Nitawaambia," alisema yule mama, na hakucheka.

Walipotoka jua lilikuwa kali. Kificho aliketi garini akiwa na mambo mengi kichwani yasiyokaa pamoja: kaburi lisilo na mtu, na mtu asiye na kaburi. Alianza kufikiri kwamba huenda kosa ni lake, kwamba huku bara ziara huzunguka hivi kabla ya kufika inakokwenda, kama maulidi yanavyozunguka kabla ya kufika kwenye kisimamo, pale watu wote wanaposimama kumsalia Mtume. Akajiambia asubiri.

Walipanda Daraja la Kigamboni, lile la nyaya zilizoshuka kama ukindu wa jamvi ambalo halijasukwa. Nassor alieleza urefu wake na namna watu walivyokuwa wakitaabika na pantoni zamani. Maji yalikuwa chini kabisa, na upepo ulipepea kanzu ya Kificho dirishani. Alifungua kikapu tena. Majani ya mrehani yalikuwa yamelegea.

"Nassor, mwanangu. Si kama nakuharakisha."

"Sema, Ami."

"Kwa baba yako tutafika saa ngapi? Huu mrehani unanifia."

Nassor alizima redio. Alitazama mbele, akatazama kikapu, akaiona chupa ya marashi, akaona ubani kwenye karatasi yake. Aliona na kanzu ya Idi, kana kwamba ndiyo kwanza ilivaliwa.

"Kwa baba," alisema.

"Si ulisema ziara."

Gari lilishuka daraja, likaenda likageuka, likapanda daraja lile lile kurudi. Walipofika katikati Nassor akavua miwani yake. "Tutafika, Ami. Tunakwenda. Nikuonyeshe kwanza stesheni ya treni ya umeme, ipo njiani."

Stesheni ilikuwa kubwa, ya vioo, na Kificho hakuiona. Alikaa garini akimtazama Nassor aliyesimama kando akizungumza na simu, mkono mmoja kisogoni. Upepo ulileta maneno nusu nusu. "Mama mdogo, lile la upande wa ukuta au la upande wa mwarobaini? ... Najua ni muda, najua ... Basi kulikuwa na jiwe? ... Hukumbuki kabisa?"

Kificho aliangalia mikono yake. Hakujua kama amesikia alichosikia. Pengine ni habari ya kaburi jingine. Pengine fundi wa friji naye ana kuta na miarobaini yake ya kuulizia.

Njiani Nassor alisimamisha gari dukani akaingia. Alirudi amejifunga msuli mpya juu ya ile suruali fupi, bado una mikunjo ya kiwandani. Kificho aliuona, akageuza uso upande wa pili, Nassor asijue kwamba ameonwa.

Makaburi ya Temeke yalikuwa yamejaa. Yalibanana kama watu kwenye swala ya Idi, bega kwa bega, na katikati ya makaburi ya zamani yalipenya mapya. Kificho alisimama pa kuingilia, akawatolea salamu wote kwa pamoja, kama mtu anayeingia ukumbini asijue mwenyeji ni yupi. Kisha akamfuata Nassor, akiinua kanzu isiguse.

Nassor alikwenda mpaka ukutani. Akarudi. Alisimama mbele ya kaburi moja, akasoma jina kimoyomoyo, akaendelea. Alifika chini ya mwarobaini, akazunguka shina lake, akatazama kushoto, akatazama kulia. Jasho lilimshuka shingoni.

"Hapa, Ami," alisema hatimaye. "Ndo hapa."

Palikuwa na mawe mawili yasiyoandikwa, la kichwani na la miguuni. Kificho hakuhitaji kujilaza ili apime. Mawe yalikaribiana mno. Jaribu alikuwa mrefu hata akiingia kwao mlangoni huinama kama anayerukuu, na watoto wa mtaa walimwita Mnazi. Aliyelala kati ya mawe haya alikuwa mtoto, wa miaka sita, au saba.

Au mawe yalisogea. Mchanga hautulii, mvua huja, watu hukanyaga, na jiwe la miguuni mwa huyu huishia kichwani kwa yule. Hata Vitongoji ameyaona hayo. Alimtazama Nassor. Nassor alikuwa akilitazama kaburi kwa macho yaliyojaa, na macho yale hayakuwa ya uongo. Lakini mtu aweza kulia kweli mahali pasipo pake.

"Una hakika?" lilikuwa neno dogo, lilimfika Kificho ulimini. Alilirudisha.

Akachutama. Aliweka mrehani uliokufa kichwani pa kaburi, akasoma Yasin kwa moyo, na alipofika pa kutaja jina alisema Jaribu, kisha akaongeza, "na aliye hapa." Alifungua chupa akanyunyiza, kutoka kichwani mpaka miguuni. Safari ilikuwa fupi. Akatazama marashi yaliyobaki, nusu chupa, akaifunga.

Nassor alijifuta uso kwa ncha ya msuli. "Imefika, Ami?"

"Nini?"

"Dua."

"Mie n'chimbaji tu, mwanangu. Hayo kaulize maalimu."

Jumapili Nassor alimsindikiza bandarini, akamkumbatia kwa muda mrefu. "Ukija tena, Ami, tutafanya ziara vizuri zaidi." Kificho aliitika, inshallah, na hakuuliza ni ziara ipi.

Vitongoji walimngoja kwa maswali. Usama, jirani yake, alikuwa ameshaiona ile picha, kwa maana Nassor aliituma kwa watu wote wa ukoo.

"Jamani, Kificho kamsomea Fatiha sanamu," alisema barazani. "Na mikono kainua. Mwenzetu karudi na dini ya shaba."

"Niliinamisha macho," alisema Kificho.

"Na Jaribu je? Ulinzuru?"

"Nimezuru."

"Kaburi lake zuri?"

Kificho alifikiri. Aliona askari aliyesimama, na fuvu lililoelekea mlangoni, na mawe mawili yaliyokaribiana, na hakuweza kuyatenganisha. "Lina kivuli," alisema.

Jioni Saada alitoa vitu kikapuni. Aliinua chupa kwenye mwanga wa taa. "Baba Rahma, mbona haya marashi yamebaki nusu?"

"Yaache."

"Kwa Mwanawema wana maulidi kesho. Nikamrudishie, si yake haya?"

"Mpelekee ubani, haukuungua. Nitamnunulia marashi mengine."

"Na haya ya nani?"

"Ya Jaribu."

Saada aliishusha chupa. "Si umesema umenzuru?"

"Nimezuru, Saada."

Alimtazama mumewe, akamnyoshea chupa. Kificho aliichukua chupa mkononi mwake, akaiweka juu ya kabati, akaisukuma mpaka ukutani. Alipofika mlangoni alirudi, akaivuta mbele kidogo, ionekane.