Mwanamke Aliyekufa Katika Filamu ya Pili

Nilitoka Kanama asubuhi kwa miguu, bila kujua ninakwenda wapi. Barabara ilikuwa inateremka, nami nikateremka nayo hadi Gisenyi. Karibu na mpaka wa Kongo nilisikia makelele ya banda la sinema, nikaingia. Mwenye banda, mama aliyerudi kutoka Tanzania, alikuwa anahangaika. Msimuliaji wake, yule anayeshika kipaza sauti na kuwaelezea watu filamu kwa Kiswahili, alikuwa amevuka kwenda Goma na hakurudi.

"Kifaransa unakijua?"

"Kidogo, mama." Shule niliiacha darasa la tano, lakini maneno nimeyaokota njiani.

"Simulia filamu hizi tatu. Watu wakibaki mpaka mwisho, chumba cha nyuma ni chako. Wakitoka, na wewe toka nao."

Sikuwa na pa kulala. Nikakaa.

Aliyemuuzia diski zile alimwambia ni filamu za vita. Uongo. Nilisoma makasha: zote zilikuwa za mwigizaji mmoja Mwingereza, aliyeondoka kwao akiwa binti na kwenda kuigiza kwa Wafaransa na Waitaliano, katika filamu ambazo mtu anatazama ukuta dakika nzima. Na kwenye mabenchi walikuwa wamejaa wabeba mizigo wa mpakani, wanataka damu.

Damu ilikuwepo. Katika ya kwanza baba mkwe anampiga mwanamke huyo kofi hadi anaangukia meza, naye mwanamke anamchoma mkasi wa shingo. Walishangilia. Nikanogewa. Ya pili ilipoanza nikasema ni yuleyule, ametoroka gerezani. Mwishoni wanaume wawili walimzamisha kichwa kwenye beseni la kufulia. Miguu ikapigapiga, ikatulia.

Ya tatu ikaanza. Huyo hapo, mvi kichwani, anamenya viazi.

"We! Huyu si alikufa mu maji?"

"Muongo we! Unatufanya bajinga?"

"Ni mwigizaji," nikasema. "Ndiyo kazi yake. Anapigwa huku, anauawa kule, anazeeka."

"Donc, kumbe yote ulitudanganya!"

Jamaa wa benchi la mbele alinirukia. Ngumi ya kwanza ilining'oa jino, ya pili sikuiona. Benchi likapasuka. Watu watatu wakaelekea mlangoni.

Nilitambaa hadi kwenye kipaza sauti, na safari hii sikutunga kitu.

"Anamenya viazi," nikasema, damu ikinichuruzika kidevuni. "Mume anaingia. Amelewa. Anamvuta nywele. Mama ameshika kisu, lakini hakiinui."

"Muchome, mama!" mmoja alipiga kelele pale mlangoni.

"Nyamaza, aseme!" Aliyenipiga ndiye aliyesema hivyo. Akakaa chini, anafuta ngumi kwenye suruali.

Yule mwanamke hakumchoma. Alichukua sufuria jikoni, maji yakichemka, akammwagia usoni. Yule mume alilia hadi filamu ikaisha. Hakuna aliyetoka.

Mama mwenye banda alinifungulia chumba cha nyuma: mkeka, ndoo, dirisha la mbao.

"Ukitema damu," alisema, "temea nje."