Kisiwa Nilichokijua Kuliko Kibanja cha Baba

Niliacha shule darasa la tatu, na kitabu kimoja cha jiografia sikukirudisha. Ndani yake mlikuwa na kurasa mbili juu ya kisiwa kikubwa cha kaskazini mwa dunia ambako hakuna binadamu anayeishi. Kitabu hicho nilikibeba kila nilikokwenda: bandarini Bukoba nilipopakia magunia ya kahawa, Kimwani nilikolima kibarua, hata Goziba kwenye kambi za wavuvi.

Wavuvi walipenda niwasimulie. Niliwaambia upande wa mashariki wote umelaliwa na barafu, na magharibi ni mawe yaliyopasuliwa na baridi. Kwamba majabali yanashuka wima hadi baharini, na kiangazi hakifiki miezi miwili, udongo ukilainika juu tu, chini ukibaki mgumu. Serikali iliwahi kuweka askari huko; waliondoka, nyumba zikabaki. Mvuvi mmoja akauliza migomba inaota upande gani. Nilipomjibu kwamba hata mti hakuna, akasema basi hicho si kisiwa, ni adhabu.

Nikiwa hukohuko Goziba baba alifariki. Habari zilinifikia matanga yakiwa yamekwisha. Kwa kuwa mimi ndiye mwanawe pekee wa kiume, niliona kibanja chake, shamba la migomba, kitaningoja, nami sikufanya haraka. Nilirudi nyumbani Muleba baada ya miaka miwili.

Nilikuta baba mdogo ndiye anayekipalilia. Alinipokea vizuri, akaniletea buni za kutafuna, kama anavyoletewa mgeni. Hapo ningepaswa kuelewa.

Wazee wa ukoo walipokaa kuamua kibanja ni cha nani, nilisimama na kitabu changu. Nikasema kuna kisiwa kizima kisicho na mtu hata mmoja, na bado Mfalme wa Waingereza anakiita chake. Iweje mimi ninyang'anywe migomba kwa kutokuwepo miaka miwili? Nilijiona nimesema jambo kubwa.

Baba mdogo hakubisha. Aliuliza kama naweza kukichora. Nikashika kijiti, nikachora chini: ghuba, rasi, mahali barafu inapoishia. Wazee wakanyoosha shingo kutazama.

"Vizuri, mwanangu," akasema. "Sasa tutembeze kwenye mpaka wa baba yako."

Kwetu mpaka ni emiramula, mimea inayopandwa kati ya kibanja na kibanja. Baba humpitisha mwanawe kwenye mmea mmoja baada ya mwingine mpaka aijue yote. Baba yangu aliniita mara nyingi. Kila mara nilikuwa na safari.

Nilionyesha mmea wa kwanza, nikaonyesha wa pili. Wa tatu niliupita bila kuuona, nikaingia kwa jirani, wazee wakinifuata. Jirani alitoka nje akatuuliza kama tumepotelewa na mbuzi. Hapo ndipo walipocheka.

Hukumu ilitolewa kabla pombe ya wazee haijaisha. Baba mdogo akapewa kibanja. Mama, aliyeachiwa nyumba na migomba ya uani, hakunitazama.

Asubuhi, mzigo ukiwa begani, nilimwendea baba mdogo. Sikwenda kudai. Nilimwomba anizungushe mpakani mara moja tu, niujue. Alikuwa akikata majani makavu ya mgomba, wala hakuacha.

"Mpaka huonyeshwa anayebaki," akasema.

Nikazunguka kwa barabara kuu. Njia fupi ilipita katikati ya migomba, na sikujua ni wapi ningekuwa nakanyaga kibanja cha watu.