Waiswa alifukua kaburi la mdogo wangu akidhani ni cherehani

Wakuu salaam. Na akina mama mliomo humu, salaam zaidi.

Mimi ni mama wa makamo, naitwa Halima, naishi Namatala, Mbale, huku mashariki ya Uganda. Shule niliachia P4, darasa la nne, kwa hiyo msinitafutie nukta na mkato.

Kiswahili changu ni cha nyumbani. Babu yangu aliletwa huku na jeshi kutoka Sudani, sisi wanatuita Wanubi. Huku kwetu ukiongea Kiswahili na mtu usiyemjua, kwanza anashika mfuko wake, halafu ndio anaitika, maana kwao ni lugha ya wanajeshi na wezi.

Haya ninayoandika yametupata sisi. Mama yangu amekaa hapa pembeni anachambua mchele, nikikosea ananirekebisha. Majina nataja. Nimeyameza ya kutosha.

Twende.

Mwaka ule serikali ya wanajeshi ilipoanguka, tulikuwa Mafubira, nje kidogo ya Jinja. Baba alikuwa dereva wa lori jeshini. Alipanda lori lake na wenzake wakaelekea kaskazini, na mpaka leo hatujui alifika wapi.

Tukabaki mama, mimi, na mdogo wangu Zaitun ambaye alikuwa hajaanza kutembea.

Mama alikuwa fundi cherehani. Mafubira nzima walimjua, harusi zote gauni lilitoka kwake.

Basi surua ikamshika Zaitun katikati ya milio ya bunduki. Hospitali hakuna mtu. Duka la dawa limevunjwa. Alikufa asubuhi, kichwa chake kiko hapa kwenye bega la mama.

Njia ya kwenda makaburi ya Waislamu ilikuwa imefungwa na roadblock. Mzee mmoja wa Kinubi akaja akamswalia, akamzika nyuma ya jiko letu. Sanda mama aliishona mwenyewe kutoka kwenye shuka.

Kesho yake watu wakasema Wanubi wanatafutwa nyumba kwa nyumba, eti sisi ndio tulikuwa watu wa serikali ile. Tukaondoka. Mama alifungua kichwa cha cherehani kutoka kwenye meza yake, akakifunga kwenye kanga, akakibeba kichwani. Mimi nilibeba sufuria.

(Hapa niseme kitu kwa Watanzania mliomo. Najua baba zenu wengine walikuja na jeshi lililoiangusha serikali ile. Sina ugomvi na nyinyi. Njiani mmoja wao alituona, akatupa maji ya kwenye chupa yake ya kiunoni, akamwambia mama, "Dada, pitia kushoto, kulia kubaya." Kama alikuwa baba yako, mwambie tulifika.)

Sasa wakuu, ili mnielewe lazima mjue jambo moja la wakati ule.

Watu walikuwa wanaficha mali zao ardhini. Unachimba shimo, unaweka redio, sufuria, nguo nzuri, unafukia, unapandisha udongo juu kama kaburi. Unaweka hata maua. Unakimbia, ukirudi unafukua mali yako.

Wezi wakaujua huo mchezo. Ikawa kaburi bichi kwenye ua wa mtu aliyekimbia, wao wanaona ni duka.

Jirani yetu wa ua wa pili alikuwa kijana anaitwa Waiswa. Mama yake ni Nabirye, ndivyo Busoga wanavyomwita mama aliyezaa mapacha. Mama alimshonea huyo Waiswa mpaka kaptula za shule.

Huyo huyo Waiswa, na mwenzake anaitwa Bogere, waliingia kwetu siku ile ile tuliyoondoka. Walikuwa wanataka cherehani. Ndani wakakuta meza tupu. Wakatoka nyuma, wakaona udongo mbichi.

Wakachukua jembe.

Sisi hayo tuliyajua tuliporudi mapigano yametulia. Nyumba tulikuta ina watu wengine, wanasema wamepewa. Nyuma ya jiko, shimo liko wazi na halina mtu ndani.

Majirani wengi waliangalia chini. Mmoja ndiye alisema, waliofukua ni Waiswa na Bogere, lakini mtoto walimpeleka wapi hajui.

Mama akaenda kwa Waiswa. Hakumgombeza. Alimuuliza tu kwa sauti ndogo, mwanangu umemuweka wapi, nielekeze nikamchukue, sitaki kingine chochote.

Waiswa alikuwa anaosha baisikeli. Hakuinua kichwa. Akasema:

"Nenda uulize mto."

Mnaijua Jinja. Mto wa pale ni Nile.

Tangu siku hiyo mama hakula samaki tena. Na tukiwa na safari ya Jinja alikuwa anaomba tusipite upande wa mtoni. Tukahamia huku Namatala, akanilea na ile cherehani, anashona viraka vya makuli na sare za watoto, na jioni akimaliza anakaa anaangalia mikono yake.

Mimi, kaka na dada mnaonisoma, nilikua na hasira hadi ikawa kama kiungo cha mwili. Vita vingine vikaja, vikapita. Nikaolewa, nikazaa. Bogere akafa kwa pombe. Waiswa akanenepa. Akaingia siasa, akawa chairman. Ile nyumba yetu, nikaja kujua ni yeye aliyeigawa siku zile tulipokimbia, kwa kusema eti wenyewe walikufa wote.

Basi msimu mmoja wa kura nikasikia anagombea cheo kikubwa zaidi. Anagawa sabuni na chumvi, anawaambia watu yeye ndiye alilinda Mafubira wakati wa vita.

Alilinda!

Sikumwambia mama. Nilivaa gomesi yangu nzuri, nikasema naenda kwenye harusi, nikapanda taxi ya Jinja.

Mkutano ulikuwa kwenye kiwanja cha shule, pale pale Mafubira. Spika kubwa, vijana na fulana zenye sura yake. Wazee wa familia yake wamekaa mbele kwenye viti vya plastiki. Akasema mwenye swali ainue mkono. Nikainua. Kijana wa maiki akaniona nimevaa vizuri, akaniletea.

Nilikuwa nimepanga maneno mengi, njia nzima nayapanga. Yote yakapotea. Nikasema kwa Kiswahili:

"Mimi ni binti wa fundi cherehani. Kaburi la mdogo wangu ulilifukua wewe na Bogere. Mtoto wa mama yangu ulimuweka wapi?"

Kiwanja kizima kikageuka kuniangalia.

Waiswa akacheka. Akawaambia watu, mnasikia hicho Kiswahili cha kambini? Halafu akanigeukia. "Mama, nyinyi mlikula wakati wenu. Sasa mnatafuta mifupa?"

Vijana wa fulana wakacheka. Mmoja akashika mkono wangu anitoe.

Ndipo nikaona kwenye vile viti vya mbele kuna bibi kizee anajaribu kusimama, fimbo inateleza kwenye nyasi. Watu wanamrudisha kukaa, naye anawapiga mikono. Alikuwa Nabirye, mama yake.

Waiswa akamwambia kwenye maiki, "Mama, kaa chini."

"Nimekaa chini kwa ajili yako miaka yote hii, Waiswa," yule bibi akasema. "Leo miguu imechoka kukaa."

Akaninyooshea fimbo.

"Mtoto ako kwangu. Njoo."

Wakuu, mimi sijui niliufikiaje ule mkono wake. Tulitoka pale watu wanatupisha njia. Waiswa alibaki na maiki yake. Nadhani hata yeye alikuwa hajui, uso wake ulikuwa wa mtu aliyepigwa kofi gizani.

Njiani bibi alinieleza, huku anapumzika kila hatua kidogo.

Kumbe Waiswa na Bogere walipofungua sanda wakaona ni mtoto kweli, waliogopa, wakatupa jembe wakakimbia. Wakamuacha juu ya udongo. Nabirye alisikia mbwa wanagombana, akaenda na mwiko wa ugali mkononi.

Alimchukua. Sanda ilikuwa imechanika na jembe. Yeye alikuwa na lubugo lake ndani, ile nguo ya gome la mti ambayo Wasoga wanazikiwa nayo, alikuwa ameiweka kwa siku yake mwenyewe. Akamfunga Zaitun nayo juu ya sanda.

Nikamuuliza kwa nini hakumrudisha mahali pake.

"Wangemfukua wengine kesho," akasema. "Nikamleta kwenye matooke yangu, nikapanda mgomba hapo karibu na kichwa. Nani anaiba mgomba?"

Kwenye lile shamba nikaona sehemu moja imefagiwa, safi kama sebule. Mawe madogo madogo yamepangwa kuzunguka.

Akaniambia ndizi za mgomba ule na machipukizi yake hajawahi kuuza hata moja. Anawapa watoto wanaopita.

Nikamuuliza, jaja, yaani bibi, siku mama yangu alipokuja kuuliza, mbona ulinyamaza? Hakunidanganya. Alisema alikuwa ndani, alimuona mama dirishani. Aliogopa akisema, mwanawe atafungwa au atauawa. Baadaye alipotaka kusema, hakuna aliyejua tuko wapi.

"Nilichagua wangu," akasema. "Ndio nikawa namlinda na wenu."

Nililia pale, nikamchukia, nikamshika, vyote pamoja.

Wiki ile ile nilimleta mama. Kwenye taxi alikunja mikono kama msichana anayepelekwa kwa wakwe.

Wale kina mama wawili walipoonana hawakusalimiana. Nabirye alimshika tu kiganja, akampeleka kwenye migomba. Mama akapiga magoti. Akauliza kitu kimoja, alilala vipi.

"Ubavu wa kulia," Nabirye akasema. "Uso nikaugeuza kule ulikuwa unaangalia ukiswali. Nilikuwa nakuona kila siku, Mama Halima, ua wenyewe ulikuwa mfupi."

Mama aliposikia hivyo aliweka paji la uso kwenye udongo, akakaa hapo muda mrefu sana.

Alipoinuka, Nabirye akamuuliza jina la mtoto. Alikuwa halijui. Alisema miaka yote akifagia alikuwa anamwita Mugenyi, mgeni wake. Mama akamwambia, anaitwa Zaitun. Bibi akajaribu kulitamka, meno hayapo, likatoka vibaya. Wakacheka wote wawili, machozi yanateremka.

Mimi nilikuwa nimeshaongea na shehe. Nilitaka tumtoe pale tumpeleke kwenye makaburi yetu Mbale, asibaki kwenye ardhi ya ukoo wa Waiswa hata siku moja. Nikamwambia mama kila kitu kiko tayari.

Mama akafunga kanga yake vizuri. Akasema:

"Mwanangu ameshaamshwa mara moja. Usimwamshe tena."

Tukamuacha.

Waiswa alishinda zile kura. Mpaka leo hajaja kuomba msamaha, na gari lake likinipita vioo vinapanda. Mama anasema amemwachia Mungu. Mimi bado. Waiswa wa Mafubira, kama watoto wako wanasoma humu, wakusomee.

Nilichojifunza ni hiki. Ningemfuata kwake kimyakimya angenifukuza kama alivyomfukuza mama. Nilisema mbele ya watu, na anayejua alikuwa amekaa kwenye kiti cha plastiki, anasubiri mtu aulize.

Uwanja ni wenu wakuu. Matusi nitayasoma, nayo nimezoea.

Ila kama wewe, au mama yako, au bibi yako, wakati wa vita mlizika mtu ambaye sio wenu, andikeni hapa ni wapi. Kuna mtu anamtafuta.