Mbuzi Meneja wa Benki

Mama mkwe alipokuja kwetu Barking, huku kwa Waingereza, kutoka Unguja, miaka ile ya tisini, nilijua naletewa mtihani. Binti yake nilimwoa kwa mazungumzo ya simu na picha moja niliyopigwa nimesimama. Sasa mama alitaka kuniona nimekaa, na kukaa ndiyo fani yangu. Nikitoka kupanga viatu dukani Stratford, hunitoi tena kwenye kochi.

"Kile kipindi chako cha wendawazimu kiache mpaka mama aondoke," mke wangu alinionya. "Asije akaniambia nifunge mizigo."

Kipindi chenyewe kilikuwa vichekesho vya Kiingereza visivyo na kichwa wala miguu. Wiki ya kwanza nilijizuia. Ya pili, nikidhani mama bado yuko kwenye mswala, nikawasha televisheni, sauti chini. Bwana mmoja wa suti kaingia benki kuomba mkopo wa nyumba. Meneja ni mbuzi, kavaa tai. Mbuzi akazipitia zile fomu, kisha akazitafuna, kwa adabu kabisa. Ghafla picha ikakatika, akatokea mwanamke anampiga pasi samaki.

"Enhe? Mbuzi kaamuaje?"

Niliruka. Mama alikuwa mlangoni, tasbihi mkononi. Nyuma yake mke wangu, kanikodolea macho.

"Ndiyo imekwisha, mama."

"Imekwishaje, na mtu hajapata nyumba? Kwetu hadithi haiachwi njiani. Malizia."

"Mama, mimi sikuianza. Wameianza Waingereza."

"Televisheni kawasha nani?"

Nikamalizia. Mbuzi, nikasema, fomu zikamkaba kooni. Yule bwana akakimbia kumletea maji. Mbuzi kwa shukrani akampa funguo za benki, naye akahamia humo na wanawe, wakalala kwenye chumba cha fedha, maana ndiko kwenye joto.

"Na mbuzi?"

"Kapangishwa juu, mama. Analalamikia kelele za watoto."

Alicheka mpaka akajitupa kwenye kochi, palepale penye shimo langu. Tangu siku hiyo, kila kipindi kilipoanza aliniita mwenyewe. Waingereza wakikata, mimi naunga. Yule wa samaki alinitoa jasho.

Jumapili moja nikamsikia ukumbini akizungumza na dada yake wa Unguja kwa simu.

"Mumewe? Mvivu, hilo usiniulize. Lakini hakuachi njiani."

Mke wangu alinitazama, akatabasamu. "Haya, mizigo nimeifungua. Inuka basi ukaoshe vyombo."

"Ngoja kwanza," nikamwambia, "mama hajajua samaki kaolewa na nani."