Vipande Ishirini vya Ukili na Ugwe wa Katani

Chama cha kudai uhuru kilipofungua tawi kwetu Kigombe, wanaume walikata kadi wakawa wanakutana barazani kwa binamu yangu Kombo, ambaye ndiye waliyemfanya mwenyekiti. Sisi wanawake tuliwatandikia mikeka, tukawapikia kahawa, na maneno tukayasikilizia uani. Huko uani ndiko tulikosikia kwamba tawi litajenga banda la darasa, na watakaoingia ni watoto wa kiume tu. Mimi nilikuwa na mjukuu wa kike, Mwanaidi, wa miaka saba, anayeuliza maswali mpaka anachosha. Nikaacha birika, nikajitanda kanga yangu vizuri, nikatoka barazani. Nikamuuliza Kombo wanawake watakata kadi lini ili nao waseme neno juu ya darasa hilo.

Akanijibu mbele ya watu, "Dada, kadi ya mume ni kama mwavuli. Akiufungua, mke naye yumo."

"Mwavuli wangu mimi nimeuzika, huu mwaka wa pili," nikamwambia. "Basi ninyeshewe?"

Watu wakacheka, na yeye akacheka. Nikarudi uani nikijua kuwa kadi za wanawake hazitaandikwa Kigombe, na kwamba Jumapili ya pili yake watachagua kamati ya tawi, na asiye na kadi hatainua mkono. Kamati hiyo ndiyo ingeamua habari ya darasa. Nikaazimia kwenda Tanga mjini, kwenye ofisi yenyewe, kuuliza kama mwavuli huu ni sheria au ni maneno ya Kombo.

Lazima niseme kazi yangu, maana ndiyo iliyoniwezesha, na ndiyo iliyonikosesha baadaye. Nilikuwa somo. Binti akivunja ungo hukabidhiwa kwangu awe mwari wangu, namfunda mpaka ndoa yake, na tangu hapo hunitii hadi mmoja wetu azikwe. Nusu ya wanawake wa Kigombe nilikuwa nimewafunda mimi. Nilipopeleka neno kwa siri, ishirini wakakubali. Lakini majina yao ningeyapelekaje? Kuandika sikujua, na kumwomba mtu aniandikie ni kumtangazia Kombo kabla ya alasiri. Nikawaambia kila mmoja aniletee kipande cha ukili alichokisuka kwa mkono wake, shubiri moja, pamoja na ada yake ya kadi. Sisi tunaosuka mikeka tunajuana kwa mkono. Fatuma hukaza mno pembeni kama mtu mwenye hasira. Mwanahawa hawezi kusuka bila kutia miyaa myekundu. Tatu anatumia mkono wa kushoto, ukili wake umelala kinyume cha wa wenzake. Nikavifunga vyote ndani ya leso.

Jumatatu asubuhi tulisimama njiani kusubiri basi litokalo Pangani, mimi na Fatuma. Yeye mumewe alikuwa dago, huko wavuvi wanakopiga kambi mwezi mzima, kwa hiyo hapakuwa na wa kumuuliza aendako. Akaja mwanamke mmoja kutoka kambi ya mkonge, anaitwa Maria, Mbena, mumewe mkata mkonge. Aliniamkia, akanipa kipande cha ugwe wa katani kilichosokotwa vizuri, na ada yake kwenye karatasi. Amesikia, akasema, kwamba ninachukua majina ya wanawake, na yeye ukili hajui kusuka.

Nikamwambia ninachukua ya wanawake wa Kigombe.

"Nimezaa watoto wanne Kigombe na mmoja nimemzika hapa," akasema. "Nizike wangapi, bibi?"

Basi likatokea. Niliuchukua ule ugwe, nikautia kwenye kikapu, mbali na ile leso. Nasema kweli yangu: sikukusudia kuutoa.

Barabara ile kwa wakati ule ilikuwa mchanga na mashimo, mkonge huku na huku, mistari iliyonyooka mpaka macho yanaumwa. Fatuma alikuwa hajapita Tongoni maisha yake. Kila kitu alitaka kujua: nani alipanda mkonge wote huu, maji ya kisima kile ni ya chumvi au matamu, kwa nini yule mwanamke wa Kihindi kakaa mbele na dereva. Nilimjibu niliyoyajua, na nisiyoyajua nilimwambia anyamaze.

Tulipofika Tongoni dereva alisimama kutia maji kwenye injini. Abiria wakashuka kujinyoosha, na baadhi yetu tukasogea kwenye makaburi ya kale tukawasomea Fatiha wenyewe, kama ilivyo ada ya mpita njia. Fatuma alishika ukuta wa msikiti uliobomoka, akauchungulia kwa ndani, akaniuliza waliojenga hapa wanawake wao walikaa wapi. Nikamwambia nilivyosikia kwa bibi yangu, kwamba katika pwani hii zamani palikuwa na wanawake waliotawala miji, na walipotoka walipigiwa siwa, lile baragumu kubwa la enzi.

"Na sisi, somo, tunapigiwa nini?"

"Kelele," nikasema. "Panda basi."

Tanga tuliingia kabla ya adhuhuri. Tulifikia Ngamiani kwa Zuhura, binti wa mama yangu mdogo, mwanamke mnene mwenye sauti ya kuita watu ng'ambo ya barabara. Alikuwa na kadi yake mwenyewe, na mumewe yu hai. Ameitundika ukutani karibu na kioo. Nilimweleza habari ya mwavuli, akacheka hadi akakaa chini. Kisha akaniambia jambo nililokuwa silijui. Hizo kura za Baraza la nchi, alizoweka Mwingereza, zinataka mtu awe amesoma sana, au awe na kipato kikubwa, au awe na cheo. Asiye na hayo haandikwi, mwanamume wala mwanamke. Nikamuuliza mara mbili kuhakikisha. Kumbe Kombo, kwa Mwingereza, naye ananyeshewa. Nikaona ajabu kwamba mtu anaweza kulowa hivyo na bado akakataa kumsogezea mwenziwe nafasi.

Jumanne baada ya alasiri wanawake wa mtaa walikutana uani kwa Zuhura, kama thelathini hivi. Nilikaa pembeni nitazame wanavyofanya. Walikuwa wanapanga siku ya mkutano wao wa kila wiki. Zuhura alitaka Ijumaa. Akasimama msichana mmoja muuza vitumbua, mikono bado ina unga, akasema Ijumaa ndiyo siku yake ya kuuza, anataka Jumatatu, na anayetaka Ijumaa aje amnunulie vitumbua vyote. Wakacheka, wakainua mikono. Jumatatu ikashinda. Kwetu binti yule angekula kofi kabla hajamaliza kusema. Zuhura alichukua birika akamtilia kahawa.

Tulipokuwa tunachambua mchicha nikamuuliza, "Yule nani kamfunda?"

"Nimemfunda mimi."

"Na akakupinga mbele za watu?"

"Ameipinga Ijumaa, dada. Mimi hakunigusa."

Nililiona ni jibu la watu wa mjini, wenye maneno mepesi. Fatuma alikuwa ameacha mchicha, anasikiliza.

Jumatano asubuhi tulikwenda ofisini. Ni chumba kimoja tu, meza, viti viwili na kabati lisilofunga. Karani alikuwa kijana mwenye adabu, akatuamkia, akatupa viti yeye akasimama. Nilimuuliza habari ya mwavuli. Akasema hajawahi kuisikia. Kadi ni ya mtu mmoja mmoja, mwenye mume na asiye naye. Basi nikafungua leso, nikapanga ukili mezani, nikaanza: huyu ni Mwanahawa binti Ali, huyu Tatu binti Shehe, huyu Fatuma binti Bakari, ndiye huyu hapa. Yule kijana kwanza alitabasamu. Nilipofika cha nane akavichanganya vipande vyote, akaniambia nimtajie tena. Nikamtajia, kimoja baada ya kimoja, bila kukosea. Hapo akaketi chini, akachovya kalamu, akaandika.

Alipomaliza akauliza kama wameisha. Nikasema wameisha.

"Bado mmoja," akasema Fatuma. Akatia mkono kwenye kikapu changu, bila kuniomba ruhusa, akatoa ule ugwe wa katani. "Huyu ni Maria. Anakaa kambini."

Nilimtazama kwa jicho ambalo wari wangu wote wanalijua. Hakurudisha mkono. Karani alikuwa ameshaandika herufi ya kwanza, na mimi siwezi kugombana na mtoto wangu mbele ya mgeni. Kadi ya Maria ikaandikwa, ya ishirini na mbili, kwa kuhesabu na yangu. Kila kadi nikaifunga kwa ukili wa mwenyewe, ya Maria kwa ugwe wake, maana ndivyo ambavyo ningewatambua.

Alhamisi tulirudi. Njia nzima Fatuma hakuniomba radhi. Alitazama mkonge.

Jioni ile wakaja uani kwangu wote. Waligusa kadi, wakazinusa, wakaulizana lipi ndilo jina. Niliwasimulia habari za Tanga, wakataka nirudie ile ya vitumbua. Kisha nikazikusanya kadi zote, nikazitia kwenye kasha langu, nikafunga kwa ufunguo. Nikawaambia zitakaa humo hadi Jumapili, nitawagawia mlangoni mwa mkutano, na nitawaambia pa kuinua mkono. Mimi ndiye nitakayesimama kuingia kamati, ili nikalisemee darasa. Wakaitika, "Ndiyo, somo." Nilikuwa sijaona ubaya wowote. Vitu vya mwari hukaa kwa somo wake, dhahabu yake, mafuta yake, hata siri zake. Ndivyo tulivyokuta.

Maria alikuwa amesimama karibu na mlango, hakukaribishwa kuketi. Akasema, "Bibi, naomba kadi yangu."

Nikamwambia amesikia, ni hadi Jumapili.

"Wewe si somo wangu," akasema taratibu. "Wakisema kadi ya mume inatosha, iko mfukoni mwa mume. Hii iko kashani mwako. Mimi kwangu naona haipo kote kuwili."

Nikawatazama wari wangu mmoja mmoja, nikitegemea watamkemea. Wote walitazama chini, ila Fatuma. Fatuma alikuwa akilitazama kasha. Nikakumbuka alivyosikiliza siku ile ya mchicha, na jibu la Zuhura nililolidharau likanirudia lote. Nilikwenda mwendo wote ule kupinga mwavuli wa Kombo, nikarudi nao nikiwa nimeufungua mwenyewe, mkubwa zaidi, wa watu ishirini na mmoja.

Nikafungua kasha. Nikampa Maria kadi yake kwanza, kisha wengine. Ukili wao hawakuniachia, kila mtu alichukua kipande chake akaenda kukiunganisha kwenye kazi yake, maana miyaa haiokotwi.

Jumapili tuliingia barazani kwa Kombo, kadi mkononi. Aliipindua yangu, akaitazama nyuma na mbele, akaona mhuri. Nikamwambia mvua imekatika. Alitupisha. Walipouliza nani aingie kamati kwa upande wa wanawake, jina langu likatajwa. Fatuma akasimama akataja la Maria. Tukahesabiwa mikono. Watu wa kambi wenye kadi walimwinulia Maria, hilo nililitazamia. Na wari wangu sita nao wakamwinulia. Nikashindwa kwa mikono mitatu. Nilimtazama Fatuma, na kwa mara ya kwanza tangu avunje ungo hakuinamisha macho.

Nilinuna siku nne, sikatai. Siku ya tano akaja uani kunitwangia mpunga kama kawaida yake, akaniamkia akiwa amepiga magoti. Nikamwacha atwange kwanza. Kisha nikamuuliza kwa nini.

"Maria hakumwogopa mtu hapa uani, hata wewe," akasema. "Nikaona kule kwenye kamati hatamwogopa Mzee Kombo. Nyumbani nakutii, somo. Kule ulinipa kadi."

Nikamwambia pumba zimebaki, apepete vizuri.

Maria alilipigania lile darasa katika mikutano mitatu. Kombo alichoka naye kabla yeye hajachoka na Kombo. Banda lilipoezekwa, Mwanaidi aliingia siku ya kwanza na wasichana wengine tisa. Jioni, watoto wakitoka, waliruhusu watu wazima. Nilikwenda nikakaa benchi la nyuma, karibu na Maria, na herufi hizi mnazozisoma nilijifunzia humo. Neno la kwanza nililoliandika ni jina langu, Mwanajuma binti Saidi, na mwalimu akasema mstari umekwenda upande. Ulikuwa umekwenda upande kweli. Nikafuta, nikaandika tena.